Jina la Baba Mkwe Kwenye Kitabu cha Viwanja

Kwa miaka sita kitabu cha ofisi ya viwanja, pale Kasongo, kilisema kwamba nyumba niliyokuwa nikipika na kulala ndani yake ni ya baba mkwe wangu, na baba mkwe wangu alikuwa amekwisha kuzikwa. Alipokufa, mume wangu alikwenda kwenye tribinali ya mtaa. Wazee wakasikiliza, wakamwita ndugu wa marehemu, naye akasema kiwanja ni cha mtoto. Tribinali ikatoa karatasi yenye muhuri. Kilichobaki ni karani wa ofisi kufungua kitabu, kupiga mstari juu ya jina la mzee na kuandika jina la mwanawe chini yake.

Mume wangu alikuwa fundi wa matofali wa misheni. Kila mwezi, siku moja, alinawa udongo mikononi mpaka kwenye viwiko, akavaa shati la Misa, akaenda ofisini. Alirudi kabla maharagwe hayajaiva.

"Leo wamesemaje?"

"Wino umekwisha."

Mwezi mwingine nikauliza tena.

"Kitabu kimekwenda Kabambare kunakiliwa."

"Kimekwenda kwa miguu yake?"

"Kwa miguu yake, mama. Sasa kinapumzika njiani."

Tulicheka. Namshukuru Mungu kwa kunipa mume anayecheka, ingawa siku zile sikufikiri kwamba hilo ni jambo la kushukuru. Nililiona kama maji ya mtungini.

Alikufa wakati wa mvua, kwa ugonjwa wa tumbo, baada ya siku nne hospitalini. Padri alimpaka mafuta. Watu walisema nina moyo mgumu kwa sababu sikulia kama inavyotakiwa. Sikuwa na moyo mgumu. Nilikuwa kama mtu aliyejazwa pamba masikioni na kifuani. Nilisikia watu wakizungumza, nikajibu, nikasali rozari yangu, nikawapa watoto chakula. Wasichana wangu wawili na mvulana wangu walikuwa bado wadogo. Kwa muda mrefu siku zilifanana.

Katika siku hizo kapita, yule msimamizi wa mtaa wetu, alipita na kengele yake akitangaza habari za ofisi. Kila kiwanja ambacho mtu aliyeandikwa kitabuni amekufa, na hakuna mwingine aliyeandikwa mahali pake, kitahesabiwa kuwa hakina mwenyewe mwisho wa kiangazi. Kitapewa mtu mwingine. Nilisimama mlangoni na mwiko mkononi. Nilielewa kila neno. Ofisi iliyokuwa haiandiki ndiyo ilikuwa inatunyang'anya kwa sababu hatukuandikwa. Nilirudi jikoni nikaendelea kusonga ugali.

Kesho yake nilichukua ile karatasi yenye muhuri nikaenda. Karani alikuwa mtu wa kwetu, wa upande wa Kabambare. Kijiji cha mama yake na kijiji chetu vinatenganishwa na kijito unachoweza kukiruka. Nilimwita kaka, naye aliniita dada.

"Dada, karatasi hii ninaijua. Nakala yake iko hapa." Akagonga rundo la karatasi lililokuwa karibu na kiwiko chake. "Zamu yake itafika."

"Lini, kaka? Kiangazi kimeanza."

"Wewe mutu wa misheni, kungojea umefundishwa. Si munamungojea Yesu tangu zamani?"

Watu waliokuwa nyuma yangu kwenye mstari wakacheka. Nadhani na mimi nilitabasamu. Nilikwenda tena juma lililofuata, na lingine, na lingine.

Jirani yetu alikuwa mzee Mwislamu aliyefanya kazi ya polisi wa tribinali mpaka mguu wake ulipoharibika. Alinena kwa sauti kubwa kama mtu anayeita mashahidi. Siku moja aliniona nikirudi, akaniita kwenye baraza yake.

"Mama, unakwenda kufanya nini kule kila siku? Unamposa karani?"

"Baba, niache."

"Sikuachi. Sikiliza. Juu ya tribinali ya mtaa kuna nyingine, ile anayokaa Bwana, Mzungu wa serikali. Nenda kule ukashitaki. Lakini usiombe kiwanja! Ukiomba kiwanja watafungua maneno yote upya, na ndugu wote watatoka porini. Kiwanja mulishapewa. Omba kitu kimoja tu: tribinali imwamuru karani aandike kile kilichokwisha kukatwa na kuamuliwa na wazee. Hapo kesi inakuwa ya karani, si yako."

"Na mwisho wa kiangazi?"

"Neno likiwa mbele ya Bwana, hakuna wa kugusa kiwanja mpaka limalizike. Nimesimama mlango ule miaka kumi na minne. Ninajua."

Masista walinifundisha kuandika vizuri, kwa hiyo niliandika ombi langu mwenyewe, mezani, mchana, watoto wakiwa shuleni. Niliandika kuhusu kiwanja, karatasi ya muhuri na miaka sita. Palipohitaji jina la aliyeandikwa kitabuni, niliandika "baba mkwe wangu", nikapita.

Lazima nieleze jambo hili, kwa sababu vijana wa leo hawalishiki tena sana. Kwetu mke hataji jina la baba wa mume wake. Hataji akiwa hai wala akiwa amekufa. Ni heshima, na tunakua nayo tangu tukiwa wasichana. Mwanamke akifika kwenye jina hilo katika maneno yake, ananyamaza, na mtu yeyote wa kwetu aliye karibu analitaja badala yake. Haombwi. Anafanya hivyo kama vile mtu anavyomtua mwanamke mzigo kichwani anapomkuta amefika mlangoni. Na nilipojifunza kuandika hakuna aliyeniambia kama kalamu ni mdomo au si mdomo. Mimi niliihesabu kuwa mdomo.

Siku ya kikao ilifika. Bwana aliyekaa katikati alikuwa kijana wa Kizungu mwenye ndevu chache, mpole, aliyejifunza Kiswahili chake kwenye karatasi. Kulia na kushoto kwake walikaa wazee wawili wa mjini, waliovaa kanzu. Karani alisimama pembeni na faili, kwa kuwa yeye ndiye niliyemshitaki.

"Mama, unataka nini?"

"Nataka kilichokatwa kiandikwe, Bwana."

"Vema. Katika kitabu, kiwanja kina jina la nani?"

Nikanyamaza. Nikageuza uso kwa karani. Nilikwenda pale peke yangu, bila shemeji, bila mjomba, kwa sababu yeye alikuwapo. Hata nilipokuwa namshitaki sikufikiri kwamba angeacha kunitua mzigo huo. Alikuwa akifunga kamba ya faili.

"Mama, jina."

"Ni baba wa mume wangu, Bwana."

"Hilo nimesoma, na karatasi ya muhuri ninayo. Lazima useme mwenyewe: anaitwa nani?"

Nilimwangalia karani tena. Akamaliza kufunga kamba yake, akasema kwa sauti nzuri ya ofisini:

"Bwana, hajui. Anadai kiwanja cha mutu ambaye hata jina lake hajui."

Mzee mmoja alikohoa. Wale wazee walikuwa watu wa Kasongo na wake zao hawana mwiko huu, kwa hiyo sidhani kama walielewa. Labda waliona nina hofu. Bwana aliniuliza mara ya tatu, polepole, kama anavyoulizwa mtoto. Ulimi wangu ulikuwa mdomoni, mzima, na haukuondoka mahali pake. Akaandika. Akasema nirudi kikao kijacho, baada ya miezi miwili, na ushahidi wa jina la mwenye kiwanja. Nisipouleta, mashitaka yatafutwa.

Nje, karani alinipita kwenye ngazi.

"Dada, si nilikuambia ungoje?"

"Ulijua, kaka."

"Nilijua nini?"

"Jina."

Hakuniangalia. "Mimi niko kazini," akasema, akashuka.

Nilitegemea kuwa na hasira njiani. Nilitembea, nikapita soko, nikanunua chumvi, nikafika nyumbani, na hasira haikuja. Nilisali nikamwombea karani kwa jina lake, kwa kuwa la kwake niliruhusiwa kulitaja.

Jirani yetu aliposikia, alipiga fimbo sakafuni.

"Ungelisema tu! Mzee amekufa. Atafufuka aje kukuchapa?"

"Baba, wewe ungekula nguruwe kwa sababu hakuna anayekuona?"

Akacheka mpaka akashika mguu wake mbovu.

"Basi. Nimenyamaza. Mutu asiyeweza kusema, alete karatasi iseme. Buku ya mzee iko wapi?"

Buku ilikuwa kile kitabu kidogo ambacho kila mwanaume alitembea nacho, chenye jina lake, kijiji chake na alama ya kidole chake. Mtu akifa, buku yake inarudishwa kwa kapita. Nilijua kwamba ya mzee haikurudishwa, kwa sababu mama mkwe wangu alikataa.

Mama mkwe alikuwa amerudi kwao Lusangi, upande wa Kabambare, baada ya msiba. Niliwaacha watoto kwa mke wa jirani, nikapanda kamyo, lori la kubebea pamba, iliyokuwa ikirudi tupu. Nilimkuta uani akianika mihogo kwenye mkeka. Alinitazama toka miguuni mpaka kichwani.

"Huli wewe?"

"Ninakula, mama."

"Unakula nini? Hewa? Kaa."

Nilikula mbele yake mpaka aliporidhika. Kisha nikamsimulia yote. Nilipofika kwa karani alinikatiza.

"Ni mutoto wa nani huyo?"

Nikamtaja mama yake.

"Mungu wangu. Yule? Alipokuwa mudogo alikula udongo. Ungemwambia Bwana hivyo, angeandika kwenye karatasi zake."

"Mama, nimekuja kuomba buku."

Aliendelea kugeuza mihogo, kipande kimoja kimoja, upande mweupe juu. Nikangoja. Alikuwa ameishona ndani ya mto wake wa kulalia. Nilijua, na alijua kwamba ninajua.

"Kapita aliitaka, nikamwambia imepotea," akasema. "Nikaenda kuungama uongo huo. Padri akasema niirudishe. Mwezi uliofuata nikaungama tena."

"Padri akasemaje?"

"Akasema yaleyale. Hana maneno mengi yule." Akapangusa mikono. "Kidole chake kimo mule ndani. Kitu kingine chake sina. Nguo waligawana, kiti walichukua. Utairudisha?"

"Nitairudisha, mama."

"Usiniambie kama unavyomwambia mugonjwa."

"Sijui, mama. Wakiona buku ya marehemu labda wataichukua."

"Haya. Sasa umesema." Aliingia ndani. Nilisikia uzi ukikatika. Alinipa buku ikiwa imefungwa kwenye kitambaa, akarudi kwenye mihogo yake, hakuniangalia tena mpaka nilipoaga.

Katika kikao cha pili sikungoja kuulizwa. Nilikwenda mpaka mezani, nikafungua kitambaa, nikaweka buku mbele ya Bwana, imefunuliwa kwenye ukurasa wa jina. Akalisoma kwa sauti, vibaya kidogo, lakini lilikuwa lenyewe. Mzee wa kulia akafungua karatasi ya tribinali ya mtaa, akalinganisha, akatikisa kichwa kukubali. Bwana akamgeukia karani.

"Karatasi hii umekaa nayo muda gani?"

"Kazi ni nyingi, Bwana."

"Nimeuliza muda."

"Miaka sita, Bwana. Lakini si mimi peke yangu..."

Bwana aliongea na wazee wake kwa sauti ya chini. Kisha akatamka uamuzi, nami niliushika kwa sababu ulikuwa mfupi: ofisi iandike kilichokatwa na tribinali ya mtaa, na iandike leo, hapa mezani, kabla kikao hakijafungwa. Karani alitumwa kuleta kitabu. Kilikuja, kikubwa, chenye pembe za ngozi. Wino ulikuwapo. Nilimwona akipiga mstari na kuandika. Haikuchukua hata muda wa Baba Yetu na Salamu Maria.

"Soma, mama," Bwana akasema, akanigeuzia kitabu. "Umeridhika?"

Chini ya jina la mzee lilikuwa jina la mume wangu, limeandikwa vizuri, kwa mwandiko wa kulala. Nililitazama. Nilikuwa nimeomba hivyo hasa, kama jirani alivyonifundisha, nami nikapewa hasa nilichoomba. Sikuwa nimefikiri zaidi ya hapo. Hakuna kati yetu aliyefikiri. Kwa miezi yote ile kichwa changu kilikuwa kimelala kwenye jina moja nisiloweza kulitaja.

"Bwana," nikasema, "huyu naye amekufa."

"Nani amekufa?"

Jina la mume si mwiko kwetu, lakini mke halizoei. Nilimwita baba wa mtoto wetu wa kwanza, tangu alipozaliwa, na kabla ya hapo nilimwita wewe. Niligeuza macho kwa karani, kwa mazoea tu, bila tumaini. Nikaona anafungua mdomo. Safari hii angelitaja, nina hakika, alikuwa ameona haya. Lakini nilimtangulia. Nilitaja jina la mume wangu, la nyumbani na la ubatizo, yote mawili. Sauti ilitoka kama ya mtu mwingine aliyesimama nyuma yangu. Nilikuwa sijamtaja kwa jina lolote tangu siku alipokufa.

Bwana aliweka kalamu chini.

"Kwa hiyo tumemwandika maiti chini ya maiti."

Watu nyuma walicheka. Wazee nao walicheka, na karani pia, kidogo, akaacha. Mzee wa kushoto ndiye aliyenisaidia. Alisema mjane anashika nyumba kwa ajili ya watoto mpaka wakue, hilo halina kesi, aitwe tu kapita wa mtaa athibitishe. Tukakaa nje mpaka saa nane. Kapita alikuja akithibitisha kabla hajakaa. Jirani, aliyekuwa amekuja na kapita, alisimama kwa fimbo yake akathibitisha pia, ingawa hakuna aliyemwuliza. Kitabu kikafunguliwa tena. Mstari wa pili ukapigwa, na chini yake likaandikwa jina langu na maneno "kwa watoto wake".

Nilisoma jina langu. Nilimshukuru Mungu kwa maneno, kama nilivyofundishwa, nikijua kwamba moyo utafuata ukiweza. Bwana alishika buku ya mzee.

"Hii inabaki, mama. Buku ya marehemu haitoki tena."

Sikubishana. Niliomba kuiona mara moja. Nilifungua ukurasa wa kidole, alama nyeusi yenye duara nyingi, kisha nikampa.

Mama mkwe alikuja na kamyo wakati wa mnada wa pamba, na mto wake kichwani. Nilimwambia habari za buku kabla hajatua mzigo, kwa sababu nilijua angeuliza. Akautua mto mlangoni.

"Na nyumba?"

"Imeandikwa, mama."

"Basi nitalala wapi?"

Nilimwonyesha chumba cha nyuma. Alikagua kuta, akalalamika juu ya mlango, akatoka uani kutafuta mahali pa kupanda sombe yake, mihogo ya kuchuma majani.

Juma lile la mwisho wa kiangazi kapita alipita na mtu wa ofisi aliyebeba ndoo ya chokaa na orodha. Kwenye nguzo ya kiwanja kisicho na mwenyewe walipaka alama nyeupe. Walisimama kwetu. Mama mkwe alisimama mbele yao na jembe. Mtu wa ofisi alishuka na kidole kwenye orodha, akatafuta, akatafuta tena.

"Hapa pameandikwa," akasema, wakaendelea.

Nyumba ya tatu kutoka kwetu walipaka. Aliyekaa pale alikuwa mjane kama mimi. Mume wake alikuwa amekwenda ofisini mara nyingi kuliko wa kwangu, na karatasi yake ya muhuri ilikuwa kwenye rundo lilelile. Hakuwa na jirani aliyewahi kusimama mlangoni mwa tribinali, na hakuna aliyemwambia aombe nini. Mimi nilikuwa naye Misa moja kila Jumapili na sikumwambia. Sikuficha. Haikunijia tu.

Nilimwona akitoa sufuria zake nje, moja moja, akizipanga chini ya nguzo yenye chokaa mbichi. Nikamwambia mama mkwe aangalie chungu. Nikaenda kumwambia habari za tribinali ya Bwana, nami nikiwa sijui kama tumekwisha kuchelewa, na kumsaidia kuzirudisha sufuria ndani.